Shuka 600 na Eurobond: barua ya wazi kwa Waziri wa Fedha na magavana

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Hazina ya Kitaifa na Mipango ya Kiuchumi,
Kwa Waheshimiwa magavana wa kaunti zote 47,
Nakala kwa Seneti ya Jamhuri ya Kenya.

Mombasa, Novemba 2025

KUH: MADENI YA WAUZAJI WADOGO YASIYOLIPWA

Waheshimiwa,

Pokeeni salamu zangu za heshima. Mimi ni fundi cherehani, nina karakana ndogo hapa Mombasa. Barua niliyozoea kuandika ni ile ya kukumbusha malipo, na tangu 2022 nimeziandika kumi na moja. Zote zilipigwa muhuri wa kupokelewa, nakala zake ninazo kwenye faili la bluu, na haikujibiwa hata moja. Hii ni ya kumi na mbili, nami nimeamua isomwe na kila mwenye macho.

Mei 2022, serikali moja ya kaunti, ambayo jina lake nalihifadhi kwa sababu bado natumaini kulipwa, ilinipa oda ya hospitali: shuka 600, mapazia 120 na gauni za wagonjwa 150. LPO, yaani hati ya kuagiza bidhaa, ilikuwa halali, ina sahihi na muhuri. Sharti likawa mzigo ufike kabla ya tarehe 30 Juni, mwaka wa fedha usije ukafungwa mikononi mwetu. Kitambaa nilikichukua Biashara Street, nusu kwa mkopo wa chama chetu cha akiba na nusu kwa imani ya mwenye duka. Tulishona wanawake watano kwa zamu, usiku na mchana, chakula kikipikwa palepale karakana kwenye jiko la makaa. Tarehe 21 Juni tukapakia lori. Mwenye stoo alizihesabu shuka kumi kumi, akavuta moja, akaupindua ukingo na kuuvuta kwa vidole gumba viwili. Akasema, "Hizi zitakaa, mama." Akatia sahihi.

Hesabu ilikuwa shilingi 963,000. Ukiongeza VAT, kodi ya ongezeko la thamani, shilingi 1,117,080.

Agosti tukapiga kura, gavana akaingia mwingine. Tangu hapo nimesikia kila jibu ambalo mdomo wa karani unaweza kutoa. Faili liko kwa mkaguzi. Faili limerudi, lakini bajeti ya nyongeza haijapita. Bajeti imepita, lakini Hazina haijatoa fedha. Fedha zimetoka, lakini IFMIS, mtambo wa malipo ya serikali, imelala. IFMIS imeamka, lakini mwenye kutia sahihi yuko semina Naivasha. Nauli ni yangu, na siku nzima ya kazi ni yangu pia.

Machi mwaka huu mamangu mzazi alilazwa katika hospitali hiyohiyo. Niliingia wodini jioni nikamkuta amelala kwenye shuka iliyofuliwa hadi ikapauka, muhuri wa kaunti umebaki kama moshi. Sikuhitaji muhuri. Niliukamata ukingo nikaukuta mshono wangu, ule wa kurudia mara mbili na kufunga pembeni, haujaachia uzi hata mmoja. Mamangu akaniuliza nacheka nini. Shuka imelaza wagonjwa karibu miaka mitatu, na mwenye kuishona bado anadai. Sasa nitawaambia yanayonikera.

1. Mdai wa mbali analipwa kabla ya siku, wa karibu analipwa ikiwapendeza.

Mimi si msomi wa uchumi, ila deni nalijua vizuri sana. Mwaka 2014 nchi yetu iliingia kwa mara ya kwanza kwenye soko la Eurobond, hati za mkopo zinazouzwa kwa wawekezaji wa nje. Sehemu kubwa ya mkopo ule, dola bilioni 2, ilikuwa iive Juni 2024. Mwaka ulipokaribia, nchi nzima ikashika roho. Februari 2024 mkaenda sokoni mkakopa dola bilioni 1.5 kwa riba ya asilimia 9.75, ili mnunue deni lililokuwa na riba ya asilimia 6.875. Mlikopa ghali kulipa rahisi, alimradi mwekezaji wa London na New York asikose usingizi. Mwaka huu mmekopa tena huko nje na kununua sehemu ya deni linaloiva 2027, kisha Oktoba mkafanya vivyo hivyo kwa la 2028. Hao watu walikuwa hawajabisha hodi. Mliwafuata nyumbani kwao na pesa mkononi.

Sisi tunabisha hodi hadi vidole vinatoka malengelenge. Ripoti za Msimamizi wa Bajeti mnazisoma kuliko mimi: kufikia Juni mwaka huu, kaunti zilikuwa zikidaiwa zaidi ya shilingi bilioni 170, na serikali kuu pamoja na mashirika yake zaidi ya bilioni 500. Nyuma ya tarakimu hizo kuna muuza maharage wa shule, mwenye tingatinga, mchapishaji wa vitabu vya risiti, na mimi.

Najua Katiba, Ibara ya 214, imelifanya deni la umma kuwa mzigo juu ya mfuko mkuu wa serikali. Ni sawa. Lakini ni nani aliyeamua kwamba shuka inayolaza mgonjwa si deni, ila karatasi iliyouzwa London ndiyo deni?

2. Nimelipia kodi pesa ambayo sijaiona.

Hili huwa nalieleza watu wakidhani natia chumvi. Sheria ya VAT haingoji muuzaji alipwe. Ukishatoa ankara, kodi inatakiwa ifike isipite tarehe 20 ya mwezi unaofuata. Kwa hiyo Julai 2022 serikali ilinidai kodi ya mauzo ambayo serikali yenyewe haikuwa imeyalipa. Nilitoa kitambaa, nyuzi, umeme na jasho, kisha nikatoa na kodi juu yake. Nisingelipa, cheti cha kutimiza kodi kisingetoka, na bila cheti hicho siombi tenda tena popote, hata hiyo ya kunisaidia kulipa hasara ya kwanza.

Wakati huohuo riba haikulala. Mkopo wa chama niliuhamishia benki ili niwaondolee wenzangu aibu, na Benki Kuu ilipopandisha riba yake hadi asilimia 13 mwanzoni mwa 2024, barua ya benki ilinifikia kabla ya habari yenyewe. Niliuza cherehani ya ovaloki na moja ya stima. Wanawake watatu kati ya wanne nikawaambia wasije Jumatatu. Mwenye duka la vitambaa, ambaye miaka yote aliniita "dada", siku hizi akipiga simu ananiita "mama" kwa sauti kavu kama ya mtu wa mahakama. Simlaumu. Naye ana anayemdai.

Waziri, ukiona kodi haikusanyiki kama mlivyopanga, na kila mwaka mnatafuta kipya cha kutoza, hebu angalia na upande huu. Muuzaji aliyefilisika halipi kodi, na wanawake watatu walioketi nyumbani hawakatwi chochote.

3. Tuliitwa.

Sikujipenyeza. Serikali ndiyo iliyosema tangu 2013 kwamba asilimia 30 ya zabuni ni ya vijana, wanawake na watu wanaoishi na ulemavu. Tukaitwa kwenye kumbi, tukapewa soda na mafunzo, tukaambiwa tusajiliwe. Nikasajiliwa. Mwenye mtaji mnene anaweza kudai miaka mitatu asianguke. Mlituita sisi ambao hatuwezi, kisha mkatulipa kwa kalenda ya wale wanaoweza.

4. Sifa za nje na hesabu za ndani.

Naipenda Kenya ikitajwa vizuri duniani, sitaki mnielewe vibaya. Lakini kuna wiki moja siisahau. Tarehe 24 Juni 2024 Marekani iliidhinisha rasmi Kenya kuwa mshirika wake mkuu asiye mwanachama wa NATO, wa kwanza kusini mwa Sahara. Kesho yake, tarehe 25, askari wetu wa kwanza walitua Port-au-Prince, Haiti, kwenda kuwatuliza wengine. Siku hiyohiyo vijana waliingia Bunge wakipinga Muswada wa Fedha, risasi zikalia, na makumi ya wazazi wakaja kuzika watoto wao wiki zilizofuata. Mimi nilikuwa nimefunga karakana mchana, moshi wa mabomu ya machozi ukiingia chini ya mlango kutoka Digo Road, nimekalia robota la kitambaa ambalo halikuwa langu.

Rais aliukataa muswada ule tarehe 26. Mwaka huu, mwezi Machi, ikaamuliwa kwamba mpango wetu na IMF, Shirika la Fedha la Kimataifa, ulioanza 2021, uishe bila mapitio ya mwisho kukamilika. Sasa mnazungumzia mpango mwingine. Naomba nipate kusema wazi: masharti ya IMF yanasomwa kana kwamba muuzaji wa ndani ni mto wa kukalia. Mkiambiwa mpunguze nakisi, njia nyepesi ni kuacha ankara zetu zilale mezani. Kwenye karatasi matumizi yameshuka. Kwangu yamepanda.

Kisha AGOA, mpango wa Marekani wa kupokea bidhaa za Afrika bila ushuru. Kwa karibu miaka 25 nguo zilizoshonwa Kenya ziliingia Marekani bila ushuru, na nguo ndizo sehemu kubwa ya tulichouza huko kwa mpango huo. Ulipoisha tarehe 30 Septemba, viongozi wetu walikuwa wameshapanda ndege kwenda kubembeleza uongezwe. Walifanya vizuri, maana binti wa dadangu anashona katika viwanda vya EPZ, vile vinavyoshonea soko la nje, na hajui Januari itakuwaje. Lakini fikirieni: tunavuka bahari kumwomba mgeni anunue nguo tulizoshona, na mteja aliye karibu kuliko wote, serikali yetu, amenunua shuka tulizoshona na halipi. Mcheza kwao hutunzwa, walisema wazee. Siku hizi anayecheza kwao huambiwa arudi wiki ijayo.

5. Foleni haina namba.

Hakuna anayejua ni nani anayefuata kulipwa. Nimeona wa 2024 wakilipwa huku sisi wa 2022 tukitazama. Mwaka jana kijana mmoja aliyevaa vizuri alinifuata hadi stejini pa matatu, akaniambia faili langu linaweza "kusukumwa" kwa asilimia 10. Sikumpa. Si kwa utakatifu, sikuwa nayo.

Waheshimiwa, najua mtakayosema, kwa kuwa nimekwisha kuambiwa yote.

Mtasema kuna madeni hewa. Ni kweli, yapo. Kuna waliodai barabara ambazo hata mbuzi hajazipita. Kamati ya uhakiki iliundwa 2023 chini ya Mkaguzi Mkuu wa zamani, Bwana Edward Ouko, kupitia madai ya serikali kuu, na kaunti nazo zikaunda zake, nyingine mbili, nyingine tatu. Mimi nimehojiwa na mbili. Ya kwanza ilitaka LPO, hati ya kupokea mzigo na ankara. Nikapeleka. Ya pili ikataka vilevile, kwa kuwa ripoti ya ya kwanza haikuonekana. Shuka hazijaletewa kamati hata moja, na ziko wodini, zimehesabika. Aliyedai hewa mshtakini. Mimi nilipeni.

Magavana mtasema Hazina inachelewesha mgao. Waziri utasema kaunti zinapewa pesa, na mwaka huu wa fedha zimetengewa shilingi bilioni 415, basi zijipange. Mnaporushiana mpira hivi, kumbukeni uwanja ni mgongo wetu. Nyote wawili mna haki nusu. Mgao huchelewa, na hilo ni kosa la Nairobi. Lakini pia nimeona mgao ukifika na magari mapya yakafika nao.

Magavana wapya mtasema deni ni la mtangulizi. Hili ndilo linaloniudhi kuliko yote. Eurobond ya 2014 aliikopa rais mwingine, na hakuna aliyethubutu kumwambia mwekezaji amfuate nyumbani. Hospitali ni ileile, vitanda ni vilevile. Mmekubali kuirithi ofisi, bendera na walinzi, basi ankara nazo ni sehemu ya urithi.

Na wewe Waziri utasema, kwa sauti ya upole, kwamba tukicheza na wadai wa nje shilingi itaporomoka. Hapa nakubaliana nawe kabisa. Januari 2024 dola ilipogusa shilingi 160, kitambaa kile nilichokinunua 2022 kilikuwa kimekuwa bidhaa ya matajiri, maana hakifumwi hapa, kinakuja kwa meli. Eurobond ilipopatiwa dawa, shilingi ikatulia karibu na 130, nami nilipumua. Siombi mkose kulipa nje. Madeni ya nje na ndani yamefika zaidi ya shilingi trilioni 11, na zaidi ya nusu ya kodi yetu inaishia huko. Anayeweza kuuchezea moto huo ni mwendawazimu. Naomba ustadi ule uleule uelekezwe na huku.

Kwa sababu ustadi mnao. Juzi Oktoba mmetangaza kwamba mikopo mitatu ya reli ya SGR kutoka Exim Bank ya China imebadilishwa kutoka dola kuwa yuan, na kwamba nchi itaokoa dola milioni 215 kwa mwaka. Mlikaa mezani, mkapiga hesabu, mkapatana. Makandarasi wa barabara nao mmewapatia njia: katika shilingi 25 tunazotozwa kwa kila lita ya mafuta, 7 mmeziweka dhamana ili ipatikane shilingi bilioni 175 ya kuwalipa. Mimi huchangia kila ninapokodi lori. Nawapongeza makandarasi. Ila wao wana chama, wana mawakili, na wanaweza kuegesha mitambo barabarani hadi waziri ashuke. Fundi wa shuka ataegesha nini? Sindano?

Ninachoomba ni haya:

(a) Kila kaunti na kila wizara ibandike mtandaoni na ukutani orodha ya wadai waliohakikiwa: namba ya ankara, tarehe ya mzigo kupokelewa, kiasi, na nafasi kwenye foleni. Ibara ya 35 ya Katiba inatupa haki ya habari. Anayeruka foleni aonekane na anayemrusha aonekane.

(b) Madai yaliyohakikiwa ya chini ya shilingi milioni 2 yalipwe kwanza, yote, kabla ya mwaka huu wa fedha kufungwa tarehe 30 Juni 2026. Hayo ndiyo ya akina sisi. Mkiyajumlisha hayatafika mbali katika hizo mamia ya mabilioni, lakini yatafungua vioski na karakana nyingi.

(c) VAT ya mauzo kwa serikali idaiwe siku serikali inapolipa, isiwe kabla. Na nani atakayedhulumika, ikiwa mnunuzi na mkusanya kodi ni mtu mmoja?

(d) Seneti iufufue muswada wa malipo kwa wakati, ambao umewahi kufika kwenu na sisi tukaendelea kusubiri. Uweke siku maalumu, na riba kwa kila siku inayopita. Sisi riba tunalipa tayari.

(e) Waziri, Ibara ya 225 inakupa uwezo wa kusimamisha sehemu ya fedha za kaunti inayovunja sheria mara kwa mara, na mmoja wa waliokutangulia aliwahi kuutumia dhidi ya kaunti zisizolipa. Utumie, lakini ukate semina na safari, usikate dawa. Ukikata dawa, utanirudisha wodini kwa mamangu.

Sijaja kwenu kuomba msaada. Mamangu alitoka hospitali, namshukuru Mungu na wauguzi. Nina cherehani mbili zilizobaki na fundi mmoja aliyekataa kuondoka. Mkinilipa Ijumaa, Jumatatu nawaita wale watatu, na mwenye duka la Biashara Street nampelekea pesa zake kwa mkono wangu mwenyewe ili aniite dada tena.

Jina langu, namba ya ankara na ya akaunti sikuziandika hapa. Mnazo. Ziko kwenye zile barua kumi na moja.

Wenu mtiifu, mlipa kodi,

Fundi wa shuka,
Mombasa